Muuzaji wa adapta ya Wi-Fi akupe na draiva (programu ya kuifanya laptop iitambue), au hiyo ni kazi ya mnunuzi?

Wakuu wa Mbeya na Iringa naomba tulijadili hili. Hizi adapta za USB zenye antena ndefu za kuvuta Wi-Fi ya mbali, unanunua pale Mwanjelwa, boksi lina picha ya antena ila chipu ya ndani haitajwi, ukifika nyumbani unakuta kisidii kidogo na laptop yenyewe haina pa kuweka sidii, draiva iko intaneti na intaneti ndo uliyoifuata kwenye hiyo adapta! Msimamo wangu, usitoke dukani mpaka iwake kwenye laptop yako.

FUNDI, UYOLE: Mkuu nakupinga. Duka linauza kifaa. Mtu anakuja hana laptop, huyu ana Windows 7, yule Linux, muuzaji atajuaje? Chomeka simu kwa waya, washa USB tethering, laptop imeshapata intaneti. Fungua Device Manager ya Windows, ile orodha ya vifaa, usome Hardware Ids, yaani namba za kutambulisha kifaa, ukiona VID_0BDA na PID_8812 hiyo ni RTL8812AU ya Realtek, ukiona 0CF3 na 9271 ni AR9271 ya Atheros, basi unatafuta draiva ya hiyo chipu tu. Asiyeweza alipe fundi, nasi tunakula wapi?

DADA WA KIHESA: Kaka zangu, na hizo kilomita wauzaji wanazoahidi kwamba adapta itavuta je? Antena yako hata isikie vizuri, ruta ya upande wa pili nayo lazima ikusikie wewe, na kwa milima hii yetu kilima kimoja katikati kinatosha kuua kila kitu.

MLETA MADA: Dada umesema kweli. Fundi, ya simu nakubali, ila mwalimu wa Makete hizo namba atazisomaje? Ataishia kupakua yale maprogramu ya kujaza draiva zote, yanakuja na takataka kibao. Na chipu ndo kila kitu, AR9271 kwenye Linux inashika yenyewe maana draiva yake, ath9k_htc, imo ndani ya kernel, yaani kiini cha Linux, wakati RTL8812AU kwenye kernel za zamani miaka mingi watu walikuwa wanakompaili wenyewe, yaani kujitengenezea draiva kutoka kwenye kodi yake, kernel ikisasishwa Wi-Fi inakata unaanza upya. Mtu ajue hilo kabla hajatoa hela. Basi napunguza dai: muuzaji aandike jina la chipu kwenye risiti na draiva zake ziwepo dukani, uje na flash yako akukopie. Hilo nalo fundi unapinga?