Makuli wanazuia gari langu Ngamiani, polisi wananiambia "huo ni mgogoro wa kazi"!

Wakuu, nina hasira na sitaificha.

Nina duka la vifaa vya ujenzi hapa Tanga, Ngamiani. Nina vijana wanne wa kushusha mzigo, wana mikataba, NSSF nawalipia. Alhamisi likaja fuso na mifuko 200 ya saruji. Dereva hajazima hata injini, wakatokea watu kama kumi na watano, wanajiita chama cha makuli wa mtaa. Kiongozi wao akasema mzigo wowote unaoshuka mtaa huu ni wao. Nikamwambia nina watu wangu. "Tajiri, washushe hao hao, sisi tupe chetu." Hela ya kazi ambayo hawakuifanya! Nilipokataa, wawili wakalala mbele ya matairi, wa tatu akapanda juu na kufungua turubai upande mmoja, akakaa pale ananing'iniza miguu.

Nikapiga simu kituoni, hawakuja. Nikachukua bodaboda nikaenda mwenyewe. Askari wa kaunta alinisikiliza kalamu iko mkononi, kitabu kiko wazi, na hakuandika hata neno. "Mzee, huo ni mgogoro wa kazi, nenda CMA," yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. RB, namba ya kuonyesha nimeripoti, sikupewa. Narudi, wingu limeshafunga upande wa baharini. Saa tisa mvua ikapiga. Mifuko 38 ililowa. Kesho yake nikaigonga kwa nyundo mmoja mmoja, jiwe tupu. Nani ananilipa?

Mgogoro wa kazi gani? Hawa si waajiriwa wangu, hatujawahi kuandikiana hata karatasi. Na hata wangekuwa wangu, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inatoa haki ya kugoma, lakini kifungu cha 76 kinakataza kumzuia mwajiri asiingie kwenye eneo lake. Mgomaji halali hana ruhusa hiyo, mtu wa pembeni kaipata wapi?

Wakili wangu kanieleza ya Kerala, India. Vyama vya makuli vya huko vina nguvu sana, na hela ya aina hii ina jina lake kabisa, nokku kooli, yaani ujira wa kutazama. Serikali ya jimbo ikaipiga marufuku kuanzia tarehe 1 Mei 2018, watu hawakuacha. Septemba 2021 lilizuiwa hata gari lililobeba mtambo wa kituo cha anga cha Thumba! Lakini mfanyabiashara wa kule akizibiwa njia anakwenda Mahakama Kuu, na mahakama inaweza kuwaamuru polisi wamlinde mpaka mzigo ushuke. Chama hakifutwi. Kama kina madai, kuna bodi zilizowekwa na sheria yao ya makuli ya 1978, kikadai huko. Gari lipite kwanza. Mahakama imetenganisha vitu viwili ambavyo askari wetu wa kaunta anavichanganya makusudi ili asinyanyuke kwenye kiti.

Na nisieleweke vibaya. Marehemu baba yangu alibeba marobota ya mkonge bandarini hapa hapa Tanga, bega lake la kulia lilikuwa na sugu mpaka tunamzika. Alipoteguka mgongo, chama ndicho kilichomsimamia akalipwa. Navijua vyama na naviheshimu. Mzee yule hakupokea senti ya robota ambalo hakulibeba.

Wakili anasema tunaweza kuomba zuio kortini. Sawa, nitaomba. Lakini kwa nini nilipe wakili ndipo askari aje kumwondoa mtu mbele ya tairi langu? Kuharibu mali ya mtu ni jinai, hilo halihitaji hakimu kuwakumbusha.

Jumatatu linakuja fuso lingine, nondo. Aliyewahi kupata amri ya mahakama hapa Tanga kwa jambo kama hili aniambie: ilichukua siku ngapi, ulitumia shilingi ngapi, na ulipoipeleka kituoni walitoka na wewe au waliitia kwenye droo?