Thea von Harbou: apewe heshima yake au abaki na Wanazi wake?

Mleta mada: Wakuu, kila filamu ya Metropolis ya 1927 ikitajwa, sifa anabeba mwongozaji Fritz Lang peke yake. Riwaya na muswada kaandika mkewe, Thea von Harbou. Filamu nyingine za Lang, Dr. Mabuse, Nibelungen, M, kote mkono wake umo. Ila baadaye aliingia chama cha Hitler, akaendelea kuandikia filamu za enzi ile. Jina lake lirudishwe mbele au liachwe lilipo?

Kitumbua: Kazi ni kazi. Tazameni M ya 1931. Mama kaandaa meza, anaita Elsie, Elsie, sahani haina mtu. Mpira unabiringika majanini, puto linanasa kwenye nyaya. Mtoto kauawa na hatujaona hata tone la damu. Sahani ile ilijiandika?

Mzee wa Reli: Mke wa mwongozaji hata akileta kahawa tu, jina linaingia.

Binti Kisauni: KAHAWA? Huyu alikuwa na vitabu madukani kabla Lang hajamuoa 1922! Nenda kampelekee bosi wako hiyo kahawa.

Mzee wa Reli: Povu la nini dada, nimetania.

Binti Kisauni: Mimi si dada yako.

Shahidi: Achaneni na kahawa. Lang alisimulia kwamba Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, alitaka kumpa ukubwa wa filamu zote za Ujerumani, jamaa akatoroka usiku uleule. Thea akabaki. Mtu hupimwa hapo.

Kitumbua: Usiku uleule kauongeza Lang mwenyewe. Pasipoti yake ina mihuri, 1933 katoka na kurudi mara kadhaa. Mwongozaji hata akisimulia maisha yake anaweka taa.

Pweza: Mbona hamumtaji mumewe wa baada ya Lang, Mhindi, Tendulkar? Aliolewa naye kwa siri, Hitler yupo madarakani. Mnazi gani huyo?

Mzee wa Reli: Tendulkar wa kriketi?

Pweza: Wa kriketi kazaliwa 1973, mzee. Huyu mwandishi wa habari.

Shahidi: Kwa hiyo ukiolewa na Mhindi kadi ya chama inafutika?

Pweza: Babu yangu alikuwa karani wa mkoloni, akalisha ukoo mzima. Naye msaliti?

Shahidi: Wewe ndiye umesema.

Pweza: Mheshimu marehemu, wewe!

Mleta mada: Jamani, niliuliza habari ya jina.

Mzee wa Reli: Ile ya sahani inaitwaje tena?

Kitumbua: M. Herufi moja tu.

Mzee wa Reli: Nimetafuta M, nimeletewa M-Pesa.