Sura ya huyu, sauti ya yule: mwigizaji asiyeimba mwenyewe anatudanganya?

Mpenda Jukwaa (Magomeni)

Wakuu, naleta hoja, njooni na hoja. Tamthilia zetu za jioni siku hizi hazikosi mhusika mwimbaji: binti wa taarabu, malkia wa singeli, mama wa kwaya. Na mara nyingi anayeonekana siye anayeimba. Watazamaji wakigundua, inakuwa vita. Hawa wanasema ni utapeli, wale wanasema kuigiza ndiko huko, mbona mhusika akiwa daktari hatudai apasue mtu.

Msimamo wangu: kuazima sauti si kosa. Kosa ni kumficha mwenye sauti. Na kabla hatujasema haya ni mambo ya Bongo tu, tumtazame mwanamama mmoja wa Marekani ambaye kazi yake yote ilikuwa ndani ya ugomvi huu: Marni Nixon.

Alizaliwa California mwaka 1930, akasomea uimbaji wa kiopera, akafariki New York 2016. Alikuwa mwigizaji kamili wa michezo ya muziki jukwaani, na baadaye akaongoza kipindi cha watoto kwenye televisheni ya Seattle kilichompa tuzo za Emmy. Lakini dunia ilimsikia kabla ya kumwona. Mwaka 1956 aliimba nyimbo za Deborah Kerr kwenye filamu ya The King and I. Mwaka 1961 akamwimbia Natalie Wood kwenye West Side Story. Mwaka 1964 akaimba sehemu kubwa ya nyimbo za Audrey Hepburn kwenye My Fair Lady. Filamu tatu kubwa, na jina lake halikuandikwa hata kwenye moja. Kwenye ile ya kwanza, studio ilimtisha kwamba akifungua mdomo hatapata kazi tena mjini. Aliyemtaja hadharani ni Kerr mwenyewe, ambaye waandishi walipomsifia sauti alisema ukweli.

Sasa nauliza: sisi tunafuata njia ya studio ile, au ya Kerr?

Mtayarishaji wa Sinza

Mkuu, hoja nzuri ila unaipaka sukari. Mtazamaji hanunui sauti, ananunua mhusika. Ukiandika “sauti ya fulani” chini ya skrini wakati binti analia na kuimba, umemtoa mtu kwenye hadithi. Mimi nasema tuache watu waote.

Halafu kuna hesabu. Tamthilia inarekodi sini nyingi kwa siku. Mwigizaji mzuri wa kulia, kugombana na kunyamaza ni mgumu kupatikana. Ukimwongezea sharti la kuimba taarabu, unabaki na watu wachache mno, na hao wachache wana bendi zao na ratiba zao za harusi. Kwa hiyo sauti inaazimwa. Mwenye sauti analipwa siku yake ya studio, kazi imekwisha, kila mtu kwake.

Wakili wa Wasanii (Upanga)

Ndugu Mtayarishaji, hapo kwenye “kila mtu kwake” ndipo kesi zinapozaliwa.

Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 haimlindi mtunzi peke yake. Anayeimba na anayeigiza wana hakishiriki zao juu ya onyesho lao: kulirekodi, kulirusha, kulinakili. Kwa hiyo wimbo mmoja ndani ya tamthilia unaweza kuwa na watu wanne wenye haki tofauti: aliyetunga maneno, aliyetunga muziki, aliyeimba, na aliyegharamia kurekodi. Ukimlipa mwimbaji siku ya studio bila karatasi, hujui umenunua nini. Umenunua ruhusa ya kurusha mara moja? Marudio je? Kipande cha YouTube? Wimbo ukipendwa mkautoa peke yake kwenye majukwaa ya muziki, nani anakula?

Yaliyomkuta Nixon yanafundisha. Mauzo ya albamu ya West Side Story hayakuwamo kwenye makubaliano yake. Alipodai fungu, waliohusika walirushiana mpira mpaka mtunzi wa muziki, Leonard Bernstein, alipomkatia robo ya asilimia moja kutoka kwenye mirabaha yake mwenyewe. Hiyo ilikuwa hisani ya mtu. Mwaka uliofuata angekutana na mtu mwenye roho nyingine, asingepata senti.

Mkataba wa mwimbaji wa sauti hauhitaji kurasa ishirini. Ukurasa na nusu unatosha ukiwa na haya: jina lake litaandikwaje na wapi, malipo ya kurekodi ni kiasi gani na yanalipwa lini (siku ya studio, si “tukilipwa na kituo”), sauti itatumika kwenye tamthilia ipi na kwa muda gani, marudio na kuuzwa kwa kituo kingine kunalipwaje, wimbo ukitolewa peke yake mgao ni upi, tangazo la biashara likitaka kuutumia, anaulizwa upya. Na siku hizi ongeza moja: sauti yake isitumike kufundishia programu ya akili mnemba wala kutengenezewa nyimbo ambazo hakuziimba. Hilo la mwisho watu wanaliruka, na ndilo litakalouma zaidi, kwa sababu saa moja ya sauti safi ya studio inatosha sana kuinakili.

Wimbo wenyewe usajiliwe COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla tamthilia haijaanza kurushwa. Kibali cha Bodi ya Filamu ni kitu kingine na hakichukui nafasi ya usajili huo, ingawa wengi huvichanganya.

Fundi Sauti (Kijitonyama)

Kwenye suala la udanganyifu mimi sina neno. Ninalolijua ni kwamba ikifanywa vibaya, mtazamaji anagundua ndani ya mstari wa kwanza, na hapo ndipo kelele zinapoanza. Ikifanywa vizuri hakuna anayelalamika.

Mpangilio ni huu. Mwimbaji arekodi KABLA ya kupiga picha, si baada. Kabla ya kurekodi akae na mwigizaji, asikilize anavyoongea: lafudhi, anavyotamka “s” na “r”, anavuta pumzi wapi. Nixon alifanya kazi hivyo na Kerr kwa wiki kadhaa, bega kwa bega, mpaka kuna wimbo ambao mistari inaruka kutoka kwa huyu kwenda kwa yule na husikii mshono. Kii ya wimbo, yaani kimo chake cha sauti, ipangwe kwa sauti ya kuongea ya mwigizaji, si kwa raha ya mwimbaji. Mwigizaji mwenye sauti nzito akianza kuimba kwa sauti nyembamba, hata mtoto atashtuka. Shusha nusu toni mbili au tatu, mwimbaji atalalamika, vumilieni.

Weka milio mitatu ya kuhesabia mwanzoni mwa faili, ili mwigizaji aingie kwa wakati na mhariri apate alama. Siku ya kupiga picha, mwigizaji AIMBE kwa sauti kubwa. Asichezeshe midomo tu. Mtu anayeimba kweli shingo inakaza, kifua kinapanda, mate yanamezwa kati ya mistari. Anayechezesha midomo ana uso uliolala. Sauti yake haitatumika, kwa hiyo akikosea noti hakuna shida, ila mwili utakuwa umesema kweli.

Makosa ya kawaida: kupigia wimbo kwenye spika ya bluetooth. Fremu (picha moja moja za video) 25 kwa sekunde maana yake kila fremu ni milisekunde 40, na bluetooth inaweza kuchelewa fremu nne au tano. Midomo inaonekana imechelewa. Tumieni waya.

Mhariri Usiku

Fundi, hapo nakurekebisha kidogo. Kuchelewa kwa bluetooth hakuna neno kama kamera ilinasa sauti ya ile spika na mhariri akapanga wimbo kwa kufuata sauti hiyo, maana mwigizaji naye alifuata alichokisikia. Inaharibika pale mhariri anapopanga kwa kuhesabu kutoka kwenye alama ya mwanzo ya faili. Kwa hiyo: hata kama sauti ya kamera ni mbovu, msiizime.

Kosa baya zaidi ni kamera iliyowekwa fremu 24 wakati tamthilia inahaririwa kwa 25. Mtu akiharakisha picha ili ilingane, wimbo wa dakika tatu unapishana na midomo kwa sekunde saba hivi ukifika mwisho. Mstari wa kwanza unaonekana safi, kibwagizo cha pili kimeshaachana. Watu wanamlaumu mwigizaji kwamba hakukariri, kumbe kosa ni la kitufe kimoja.

Na kuhusu kurekodi baada: ilimpata huyo huyo Nixon. Natalie Wood alipigwa picha akifuatisha sauti yake mwenyewe, akiamini ndiyo itakayotumika. Baadaye studio ikaamua vingine, na Nixon akalazimika kuimba huku akifukuza midomo ya mtu mwingine kwenye skrini, pamoja na sehemu ambazo Wood hakwenda sawa na muziki. Hapo walidanganywa watu wawili kwa mpigo, mwigizaji na mwimbaji.

Mwalimu wa Sauti (Ilala)

Nimesoma yote. Mnazungumza kana kwamba kuna makundi mawili, wanaoimba na wasioimba. Wengi wako katikati. Mwigizaji asiye mwimbaji akifanya mazoezi dakika 30 kila siku kwa miezi miwili au mitatu, akapewa wimbo wenye upana mdogo, noti sita au saba tu, na kii yake ya kweli, ataimba vya kutosha kwa mhusika wa uswahilini. Mhusika siyo lazima awe bora. Mama anayemwimbia mtoto, dada anayefua huku anaimba, hao wakiwa na sauti ya studio ndio uongo unaoniudhi. Taarabu yenye mapambo na kuvuta sauti ndefu, hapo sawa, mwiteni mwenyewe.

Kinachovunja ni mtayarishaji kumwambia mwigizaji Jumatatu kwamba Alhamisi anaimba. Halafu anapewa tangawizi na asali. Jamani, unachomeza hakigusi nyuzi za sauti, kinapita kwenye umio. Maji ya kutosha tangu jana yake na kulala ndivyo vinavyosaidia, na kutopiga kelele kwenye sini ya ugomvi asubuhi kabla ya sini ya wimbo mchana. Pangeni ratiba: wimbo kwanza, ugomvi baadaye.

Mzee wa Maonyesho (Temeke)

Wanangu, mmeongea ya televisheni. Jukwaani msilete mchezo huu. Mji huu miaka ya 1990 ulikuwa na vikundi ambavyo usiku mmoja vilikupa ngoma, igizo, sarakasi, kwaya na taarabu. Vikundi vya Muungano na TOT (Tanzania One Theatre) vilishindana mpaka mashabiki wakagawanyika mitaa. Khadija Kopa alitoka Culture Musical Club ya Zanzibar akaja kung'aa TOT, upande wa pili Nasma Khamis yuko Muungano, wakirushiana mipasho. Unadhani mpasho unajibiwa kwa pleibeki, sauti iliyorekodiwa tayari? Mtu anatunzwa pale pale, anarudia ubeti kwa sababu shabiki kasimama na noti mkononi, bendi inamfuata yeye. CD haiwezi kumsubiri mtunzaji.

Kwa mchezo wa kuigiza wenye nyimbo ni vivyo hivyo. Tiketi ya jukwaani inalipia hatari ya kukosea.

Fundi Sauti (Kijitonyama)

Shikamoo mzee, nakubali kwa roho. Ila vijana wanakimbilia pleibeki jukwaani kwa sababu vifaa vinawaaibisha, na joto la Dar ni mshitakiwa namba moja. Maikrofoni ya shavuni inakufa kwa jasho, si kwa uzee. Ibandikwe kwa plasta ya hospitali inayopitisha mwanga, kichwa chake kisiguse kona ya mdomo, waya upite nyuma ya shingo na uachiwe kitanzi kidogo, la sivyo mwigizaji akigeuka unang'oka. Ushungi na mtandio visifunike kichwa cha maikrofoni, mkwaruzo wake unasikika ukumbi mzima. Kisanduku kinachofungwa kiunoni ndani ya kanga kikinge jasho. Mafundi wengi duniani hukivalisha kondomu isiyo na mafuta, msicheke, inafanya kazi. Betri mpya kila onyesho, hata kama za jana zinaonyesha zimejaa nusu. Na maikrofoni moja ya mkononi iwe tayari pembeni ya jukwaa, imewashwa.

Mwalimu wa Sauti (Ilala)

Na mwigizaji wa akiba. Broadway, kwenye majumba makubwa ya maonyesho ya New York, wanafanya maonyesho 8 kwa wiki, na wanaweza kwa sababu kila mhusika mkubwa ana mtu aliyekariri nafasi yake. Kikundi chetu kinamtegemea dada mmoja, akipata mafua siku ya Ijumaa, Jumamosi mnasikia CD.

Mtayarishaji wa Sinza

Basi sawa, la jukwaani nimekubali, sikuwahi kulipinga. Kwenye televisheni bado sitaki maandishi juu ya sini. Wakili, jina likikaa mwisho wa tamthilia inatosha? Maana vituo vinabana majina ya mwisho mpaka hayasomeki, au vinayakata kabisa kuingiza tangazo.

Mpenda Jukwaa (Magomeni)

Hapo ndipo ninapokupinga, mkuu. Ulisema jina linamtoa mtu kwenye hadithi. Nixon alicheza mhusika yule yule wa Hepburn wa My Fair Lady jukwaani New York mwaka 1964, kwa sura yake na sauti yake, na mwaka 1965 akaonekana kwenye The Sound of Music kama mmoja wa watawa. Watu kumjua hakukuua filamu yoyote. Hepburn ndiye aliyeumia: alikosa hata kuteuliwa kwa Oscar, na wengi waliona ni kwa sababu ya siri ile iliyovuja vibaya. Uficho ulimgharimu mwenye sura pia.

Wakili wa Wasanii (Upanga)

Mtayarishaji, usiandike “mwisho wa tamthilia”. Andika “kwenye majina ya mwisho ya kila sehemu ambayo wimbo unasikika, kwa ukubwa sawa na wa waigizaji”. Kisha ongeza: “na kwenye maelezo ya kila kipande cha wimbo kitakachowekwa mtandaoni”. Kituo kikikata majina, maelezo ya YouTube yanabaki chini yako wewe, hayakatwi na tangazo. Na huko ndiko watu wanakoenda kuuliza nani kaimba.

Mtayarishaji wa Sinza

Hilo la maelezo naliweza. La ukubwa sawa na waigizaji tutaligombania.