Mrejesho: ile ziara ya Kyoto, Japani, na mwongozaji binafsi

Wadau habari zenu, nilikuja hapa kuuliza kama kuna haja ya kulipia mwongozaji wa peke yangu Kyoto au nizunguke tu na simu, mkagawanyika nusu kwa nusu, basi nimesharudi. Nililipia na sijutii ila si kwa kila sehemu.

Fushimi Inari, lile hekalu la mageti mekundu, ungeweza kwenda mwenyewe kabisa, hakuna kiingilio na pako wazi usiku na mchana, tulifika alfajiri kabla ya umati. Ila ni mwongozaji wangu, mama mmoja, aliyenigeuza nyuma nitazame yale mageti kwa upande wa pili, kumbe kila nguzo imeandikwa jina la aliyechangia na tarehe, ukipanda tu huoni kitu.

Pale Nijo ndo hela yangu ilirudi. Ngome ya 1603, unavua viatu, ukikanyaga sakafu inalia kama ndege, akanitoa nje akaniinamisha nichungulie chini ya baraza nione vyuma na misumari inayosuguana. Watu husema ni ya kunasa wezi, yeye akacheka tu. Kupiga picha ndani marufuku lakini.

Kinkaku-ji, lile hekalu la dhahabu, panang'aa sawa, ila jengo ni la 1955, la kwanza lilichomwa moto 1950, na foleni jamani! Gion, mtaa wa mageisha, vichochoro vya watu binafsi vimefungwa kwa watalii, ukiingia faini yen 10,000.

Kwa hiyo anayeenda chukua mwongozaji wa nusu siku, Nijo iwemo, kwingine jizungukie.