Mjadala: Tuchague meya wetu wenyewe, au madiwani waajiri mkurugenzi wao?

Mleta mada:

Wakuu, habari za jioni. Naleta hoja iliyonikaa moyoni tangu masika yaliyopita.

Mtaani kwetu kuna mtaro uliobomoka. Mvua kubwa ikinyesha, maji yanaingia nyumba sita za bondeni. Mama mmoja mjane ameharibikiwa vyerehani vyake viwili, na ndivyo alivyokuwa akisomeshea watoto. Tulikwenda kwa mwenyekiti wa mtaa, akatupeleka kwa diwani, diwani akamleta meya. Meya alikuja kweli, akavua viatu, akaingia topeni, akaona kwa macho yake na kuahidi mbele ya watu wote. Ikapita miezi minane. Tulipomfuata ofisini akatuambia kwa upole, nami naamini hakutudanganya: "Ndugu zangu, nimelisema kikaoni na muhtasari upo. Lakini anayeidhinisha malipo si mimi."

Nilirudi nyumbani nikaanza kusoma. Kwa Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Miji) Na. 8 ya 1982, meya ni mwenyekiti wa baraza la madiwani. Sisi hatumpigii kura ya umeya. Madiwani wanamchagua miongoni mwao. Anaongoza vikao, anauwakilisha mji, anavaa joho na mkufu siku ya sherehe. Mtendaji ni mkurugenzi. Yeye ndiye afisa masuuli, yaani mwenye dhamana ya fedha na malipo, yeye ndiye katibu wa baraza, na wakuu wa idara wote wako chini yake. Katika majiji na manispaa anateuliwa na Rais.

Wengi mtasema basi dawa ni kumpa meya meno. Mimi nilidhani hivyo pia, mpaka nilipoona jinsi miji mingi ya Marekani inavyoendeshwa. Huko kuna mfumo wa baraza na meneja. Mji wa Dayton, Ohio, ulikumbwa na mafuriko makubwa Machi 1913, na mwaka huohuo wananchi wakapitisha katiba mpya ya mji. Kuanzia Januari 1914 ukawa mji mkubwa wa kwanza kuendeshwa na meneja wa kitaalamu. Leo Phoenix, mji wenye watu zaidi ya milioni 1.6, unaendeshwa hivyo. Meya wake anachaguliwa na wananchi, lakini barazani ana kura moja tu kama wenzake wanane, na hana turufu ya kuvunja uamuzi wao. Meneja ndiye anayeandaa bajeti na kusimamia idara.

Kwa sura ni kama kwetu: meya wa kuongoza kikao, mtaalamu wa kutenda. Ila meneja wa kule anaajiriwa na baraza, na baraza likichoka naye linamwondoa. Wa kwetu anatoka juu. Madiwani wakimkataa wanapitisha azimio, halafu wanakaa kusubiri Dodoma.

Kwa hiyo nasema: tuache kulilia meya mwenye nguvu. Tudai mkurugenzi atangaziwe nafasi, ashindane na wenzake, apewe mkataba na baraza, na baraza liweze kuuvunja. Karibuni mnipinge.

Mkazi wa Mbagala:

Mkuu, nakupinga kabisa. Unataka kuwapa madiwani mamlaka makubwa zaidi wakati hata kumchagua meya kwa utulivu kumewashinda.

Tukumbuke Dar es Salaam baada ya uchaguzi wa 2015. Upinzani ulikuwa na wajumbe wengi, uchaguzi wa meya ukaahirishwa mara kadhaa, ubishi mkubwa ukiwa ni wajumbe gani wa viti maalumu wenye haki ya kupiga kura. Isaya Mwita alipatikana Machi 2016. Januari 2020 akapigiwa kura ya kutokuwa na imani, watu wakabishana kama theluthi mbili imetimia. Februari 2021 Rais Magufuli akaivunja Halmashauri ya Jiji yenyewe na manispaa ya Ilala ikapandishwa kuwa Jiji la Dar es Salaam. Katika yote hayo mimi mkazi sikuulizwa hata mara moja.

Meya akichaguliwa na watu laki kadhaa, nani atamkalisha benchi? Mkurugenzi atamsikiliza tu. Mpeni mwananchi kura yake, mengine yatafuata.

Niko Kampala:

Ndugu yangu wa Mbagala, hayo mengine hayakufuata huku. Njooni muone.

Sheria ya mamlaka ya jiji ya 2010 ilitupa meya mkuu anayechaguliwa na jiji zima, na pembeni yake mkurugenzi mtendaji anayeteuliwa na Rais. Erias Lukwago alishinda 2011. Mwaka huohuo Jennifer Musisi akateuliwa mkurugenzi mtendaji. Miaka iliyofuata ilikuwa vita. Novemba 2013 madiwani wakapiga kura ya kumwondoa Lukwago, kesi zikafunguliwa, akawa amefungiwa nje ya ofisi muda mrefu. Alikwenda kwa wapiga kura 2016, wakamrudisha. Akarudi kwenye kiti kilekile kisicho na fungu.

Nimtendee haki Musisi: mapato ya jiji yalipanda sana chini yake, na barabara nilizokuwa napita kwa shida zikapitika. Lakini wachuuzi walifukuzwa mitaani kwa ukali, na hasira zao zote zilimwangukia meya ambaye hakutoa amri. Agosti 2024 dampo la Kiteezi lilipoporomoka na kuua watu zaidi ya thelathini, aliyemfuta kazi mkurugenzi mtendaji alikuwa Rais. Wakazi waliofiwa walikuwa wamempigia kura meya, na meya hakuwa na gari hata moja la taka chini yake.

Kura bila bajeti inamtesa mchaguliwa na mchaguaji.

Jirani wa Nairobi:

Naongeza kidogo. Sisi meya tuliwaondoa kabisa kaunti zilipoanza 2013, tukaweka gavana anayechaguliwa na watu na mwenye bajeti yake. Hayo ndiyo meno anayoyataka ndugu wa Mbagala. Februari 2020 gavana Mike Sonko alitia saini kuhamishia kazi kadhaa kubwa za kaunti kwa serikali ya taifa, na Desemba mwaka huo akaondolewa madarakani. Bado napendelea gavana kuliko meya wa zamani, kwa sababu angalau namjua wa kumlaumu. Lakini msidhani kura inaleta utulivu.

Mstaafu wa halmashauri:

Vijana wangu, nimefanya kazi katika halmashauri tatu, mbili za mjini na moja ya wilaya. Naomba mnisikilize kwa kuwa nilikuwa ndani.

Mleta mada, hoja yako ni nzuri kwenye karatasi. Lakini umewahi kukaa kwenye kikao cha kamati ya fedha diwani anapouliza kwa nini mpwa wake hakupata kazi ya mgambo? Nimekaa. Nimeona mkuu wa idara ya ardhi akiitwa pembeni na madiwani watatu kuhusu viwanja vya kata zao, naye ana watoto wanne na nyumba ya kupanga. Aliyekuwa akimwokoa ni mkurugenzi. Na mkurugenzi aliweza kusema "hapana" kwa sababu hakuajiriwa na wale waliokuwa wakimwomba. Siku utakapompa diwani uwezo wa kuvunja mkataba wake, ile "hapana" itakuwa ghali.

Wenye umri wangu tunakumbuka 1996. Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam ilikuwa imeelemewa, taka zimejaa, huduma zimezorota, serikali ikaivunja na kuweka Tume ya Jiji chini ya Charles Keenja. Hakuna diwani, hakuna meya, mpaka 2000. Watu wengi walisema jiji limesafishika. Sisemi turudi huko, maana mji usio na wawakilishi ni jambo baya, na mliozaliwa baada ya hapo hamjui tulivyokosa mahali pa kupeleka kilio. Nasema tu kwamba tume ile haikupendwa bure.

Jambo la pili, ambalo nyote mmelipita. Mnagombania nani ashike usukani wa gari ambalo limeshatolewa magurudumu. Barabara za mitaa zilikwenda TARURA, wakala wa serikali kuu wa barabara za vijijini na mijini, mwaka 2017. Maji ya Dar es Salaam yako DAWASA. Kodi ya majengo, iliyokuwa mkate wa halmashauri za mijini, ilipelekwa TRA, mamlaka ya mapato ya taifa, na tangu 2021 tunailipa tunaponunua umeme wa LUKU. Iliyobaki kwa halmashauri ni taka, masoko, stendi, leseni, ushuru wa huduma, na ile asilimia kumi ya mikopo ya wanawake, vijana na wenye ulemavu. Hata malaika akiwa meya atafanya nini?

Niko San Antonio:

Shikamoo mzee. Naishi kwenye mji wenye meneja, nieleze ninavyouona.

Meya wetu tunamchagua wenyewe, yeye na madiwani kumi wa kanda. Meneja wanamwajiri wao kumi na mmoja. Nguvu ya meya ni kuweka ajenda, kukusanya kura za wenzake na kusimama mbele ya watu jambo zito likitokea. Asipoweza kuwashawishi watano wengine, hana kitu. Nimeona meya wazuri wakifanya mengi kwa njia hiyo, kwa sababu wenzake wanajua meneja atatekeleza kile walichopitisha pamoja.

Hofu yako, mzee, ina historia hata huku. Kansas City iliingia kwenye mfumo huu mwaka 1926, na bwana mkubwa wa siasa za mji, Tom Pendergast, akawa na madiwani wengi mfukoni. Meneja Henry McElroy akawa mtu wake mpaka 1939. Mfumo uleule uliobuniwa kuzuia upendeleo ukaubeba. Hilo lazima tulikubali.

Na kinyume chake kipo pia. Mji wa Flint, Michigan, uliwekewa meneja wa dharura na gavana wa jimbo. Huyu hakuwa meneja wa mfumo ninaousema. Hakuajiriwa na baraza, na meya na madiwani hawakuweza kumzuia. Wakati wa mameneja wa namna hiyo, mwaka 2014, maji ya mji yalianza kuchotwa mto Flint bila kutibiwa ipasavyo, madini ya risasi yenye sumu yakatoka kwenye mabomba, watoto wakayanywa. Wakazi walilalamika tangu mapema kwamba maji yana rangi na harufu. Walikuwa na meya, walikuwa na madiwani, na hakuna aliyeweza kumwambia mwenye uamuzi "acha". Mleta mada akisema mkurugenzi wa kutoka juu, mimi nakumbuka hapo.

Huku kwetu, mwaka 2018 wananchi walipiga kura kumwekea meneja ukomo: miaka minane, na mshahara usiozidi mara kumi ya mfanyakazi wa jiji anayelipwa kidogo kuliko wote. Mwaka 2024 wakapiga kura tena kuuondoa. Nawatajia hili ili muone kwamba hata mtu asiyepigiwa kura anaweza kuwekewa mipaka na wapiga kura.

Mkazi wa Mbagala:

Hilo la Flint limenigusa. Lakini bado nauliza: madiwani wetu wanapitishwa na vyama kugombea. Chama kikiamua mkurugenzi fulani aajiriwe, baraza litabisha? Utakuwa umemhamisha mteuzi kutoka Ikulu kwenda ofisi ya chama ya wilaya.

Mleta mada:

Mkuu wa Mbagala, hapo umenishika, na mzee naye. Nimekaa nalo tangu asubuhi.

Napunguza hoja yangu, siifuti. Tume ya utumishi ichuje waombaji kwa sifa na ilete majina matatu. Baraza lichague mmoja kwa kura ya wazi. Kumwondoa kuhitaji theluthi mbili, ili madiwani watatu wenye hasira ya viwanja wasitoshe. Ndugu wa Mbagala, chama bado kitakuwa na sauti, lakini kitachagua ndani ya majina matatu ambayo hakikuyaandika.

Tena kuna uchaguzi. Mei 2019 Mahakama Kuu iliona si sawa wakurugenzi wasimamie uchaguzi, Mahakama ya Rufani ikatengua Oktoba mwaka huohuo. Kwa utaratibu wa wakati ule, mtu mmoja aliteuliwa na Rais, alishika fungu la mji, na pia alisimamia uchaguzi wa hao hao madiwani. Diwani gani angembana sawasawa kwenye kikao cha fedha?

Kuhusu magurudumu, mzee, sina jibu zaidi ya kukubali. Mkurugenzi na barabara virudi pamoja, la sivyo tutakuwa tumebadilisha nani anaajiri tu.

Mstaafu wa halmashauri:

Theluthi mbili naikubali kwa sharti moja. Sababu za kumwondoa ziandikwe, zisomwe hadharani, naye apewe siku za kujibu kabla ya kura. Nimeona watu wazuri wakiondoka kwa minong'ono.

Sasa nikuulize, mwanangu. Huo mtaro wenu unafuata barabara, au unapita katikati ya viwanja?

Mleta mada:

Unafuata barabara ya mtaa, mzee. Upande wa kushoto ukiteremka bondeni.

Mstaafu wa halmashauri:

Basi si wa meya wala si wa mkurugenzi. Ni wa TARURA. Miezi minane mmebisha hodi nyumba isiyo yao. Andikeni barua kwa meneja wa TARURA wa wilaya, nakala kwa diwani na kwa mbunge, mwenyekiti wa mtaa agonge muhuri, mwambatishe picha za hizo nyumba sita. Na jina la yule mama wa vyerehani liwe la kwanza kwenye orodha ya sahihi.