Msongamano wa watu Mombasa: nimekosea wapi?

ramani_mpya: Habari zenu wakuu. Nimechukua watu 1,208,333 wa sensa ya 2019 nikagawa kwa eneo la kisiwa, kilomita za mraba 14 hivi. Napata zaidi ya 86,000 kwa kila moja. Haiingii akilini.

takwimu_pwani: Hao ni watu wa kaunti nzima, ndugu yangu. Kisiwani ni jimbo la uchaguzi la Mvita tu: 154,171. Ukigawa kwa 14 unapata kama 11,000. Waliobaki wako bara: Kisauni 291,930, Likoni 250,358, Nyali 216,577, Jomvu 163,415, Changamwe 131,882. Kwa kila watu wanane wa Mombasa, saba hawalali kisiwani! Mtwapa usiiweke, watu wake wanashinda mjini, lakini wanahesabiwa kaunti ya Kilifi.

mpimaji: Na ukichora ramani ya wanaokuja kisiwani, usipime umbali kwa rula. Nyali ina daraja, Makupa vilevile. Likoni unaiona pale ng'ambo, ila gari lazima lipande feri au lizunguke kwa barabara ya Dongo Kundu. Chora muda wa safari, si duara.

ramani_mpya: Shukrani. Nikitaka kulinganisha na 2009?

takwimu_pwani: Jumla ilikuwa 939,370. Kwa majimbo, unganisha kwanza Nyali na Kisauni, kisha Jomvu na Changamwe, maana yaligawanywa kabla ya uchaguzi wa 2013. Usipounganisha, Kisauni itaonekana imehamwa.