Ndugu yangu kafungwa miaka 5, rufaa ya kupunguziwa inaandikwaje?

Mkaa Kisauni: Asalaam aleikum wakubwa kwa wadogo. Mdogo wangu yuko gereza la Shimo la Tewa, huku Mombasa, Kenya. Alikuwa mlinzi wa bohari Shimanzi, akashikwa na nyaya za shaba, akakiri, hakimu akampiga miaka 5. Hukumu ilisomwa Jumanne iliyopita. Mkewe ana mimba kubwa, na mama yetu ni wa kusafishwa damu. Mdogo wangu ndiye aliyekuwa akimpeleka mama hospitali. Mahakama Kuu huangalia nini ili impunguzie mtu? Silali.

Mwana Majengo: Pole. Rufaa ni siku 14 tangu hukumu, usichezee. Lakini mwizi ni mwizi. Mimi walinibebea pikipiki mlangoni saa ya magharibi, na hakuna aliyeniuliza mama yangu anaumwa nini.

Bin Feri: Taja kesi ya Muruatetu ya 2017. Adhabu za lazima zilifutwa, atatoka huyo.

Mama Sufiani: Bin Feri, usimpoteze mtu. Kesi ile ilihusu adhabu ya kifo kwa mauaji, na 2021 Mahakama ya Juu ikaeleza kwamba haiendi kwa makosa mengine. Wizi wa mwajiriwa ni kifungu 281 cha sheria ya adhabu, mwisho wake miaka 7. Aliyekiri huwa hapingi hatia, hupinga ukubwa wa adhabu au uhalali wake. Na jaji hapunguzi kwa kuona huruma tu: aonyeshwe hakimu aliacha jambo la maana, alikosea msingi, au adhabu imezidi mno. Haya niliyajua kwa kushinda kwenye mabenchi ya korti kwa ajili ya mwanangu. Alikaa rumande? Na hili ni kosa lake la kwanza?

Mkaa Kisauni: Rumande alikaa tangu kabla ya Ramadhani, dhamana ilitushinda. Mambo ya nyuma yanahusu nini, mama?

Mama Sufiani: Yanahusu sana. Jibu, mwanangu.

Mkaa Kisauni: Aliwahi kuwekwa chini ya afisa wa probesheni, yaani adhabu ya kuangaliwa nje ya jela, kwa wizi wa betri za lori. Alikuwa kijana. Lakini ombi la rufaa nishampa mtu aniandikie, nusu ya pesa nimelipa, na limesema ni kosa la kwanza. Wote huandika hivyo. Mama yangu hawezi kungoja.

Kaka Tudor: Wadau, mimi siamini. Roli za nyaya za shaba ni nzito, mlinzi mmoja alizibeba vipi? Mama mgonjwa, mke mjamzito, kila kitu kimepangika. Huyu ni mwanafunzi wa sheria, anatufanyisha kazi yake.

Mwana Majengo: Hata mimi nimeanza kushuku.

Mkaa Kisauni: Wallahi si hadithi! Kulikuwa na dereva, alitoroka. Karatasi ya shtaka ninayo mkononi: roli 4 za nyaya, na pembeni mtu kaandika kwa kalamu nyekundu kwamba zote zilirudishwa kwa mwenyewe. Nani atabuni hayo?

Mama Sufiani: Zilirudi zote? Basi hilo ndilo la kuandika kwanza, na ombi la huyo mtu wako likakae kando! Kama probesheni ile imo kwenye mwenendo wa kesi, jaji ataisoma, na uongo utaharibu hata yaliyo kweli. Mahakama Kuu ina uwezo wa kuongeza pia, ikafika ile 7. Andika: alikiri mapema, mali ilirudi, mama ana barua ya hospitali. Halafu uliza kama siku za rumande zilihesabiwa. Kifungu 333(2) cha sheria ya kuendesha kesi za jinai kinataka zihesabiwe. Wakili si lazima. Mfungwa humpa mkuu wa gereza ombi lake, naye hulipeleka kortini.

Bin Feri: Mama kaniumbua, lakini kasema kweli.

Mkaa Kisauni: Pesa yangu kwa yule mwandishi je?

Mama Sufiani: Utaidai baadaye. Siku zinakwenda.

Mkaa Kisauni: Nitaenda gerezani asubuhi. Na mkewe, aje kortini siku ya kusikizwa?

Mama Sufiani: Na tumbo lile, kwenye matatu? Barua ya kliniki yatosha.